Namna ya Kuunda Uchawi wa Sauti kwa Hadithi ya Kiswahili

Mwandishi anayeanza kutunga hadithi ya kimiujiza kwa Kiswahili hupatwa mapema na kishawishi cha kumpa mhusika wake maneno yasiyo ya lugha yoyote, yaliyojaa konsonanti zilizorundikana, akiamini kwamba ugeni wa neno ndio nguvu yake. Msomaji huyaruka maneno hayo kwa macho kama anavyoruka namba ya risiti. Mwongozo huu unafuata njia nyingine, ambayo ni kuchukua sheria za uchawi kutoka katika kazi ambayo midomo, ulimi, pua na koo hufanya tunapotamka maneno ya kila siku, ili msomaji aweze kuipima kila sheria kwa kinywa chake mwenyewe akiwa ameketi kwenye daladala.

Kuhusu istilahi, nitatumia neno uchawi kwa sababu ndilo linaloeleweka, lakini ndani ya hadithi yenyewe ni vyema ulikwepe. Uchawi kwetu ni wa kudhuru na uganga ni wa kutibu, na msomaji akishaliona neno mchawi amekwisha kutoa hukumu kabla hujamtambulisha mhusika. Katika mifano yangu mwenye uwezo huu anaitwa mnenaji, na anachokitoa kinywani kinaitwa tamko.

Hatua ya kwanza: Mjaribu kasuku

Kabla ya kuandika tamko hata moja, jiulize swali hili: katika ulimwengu wako, kasuku akilisikia tamko na kulirudia barabara, litafanya kazi? Ukijibu ndiyo, nguvu imo katika sauti. Ukijibu hapana kwa kuwa kasuku haelewi anachosema, nguvu imo katika maana au nia. Ukijibu hapana kwa kuwa kasuku hakupewa ruhusa, nguvu imo katika idhini, na sauti ni mhuri tu unaogongwa juu yake.

Masimulizi ya kale yana mifano ya aina zote. Katika kisa cha Misri ya kale, mungu wa kike Isis alimfinyanga nyoka kwa udongo na mate ya Ra, mungu wa jua, nyoka akamuuma Ra, na Isis akakataa kumponya mpaka amtajie jina lake la siri. Maandishi hayo hayamfunulii msomaji jina lenyewe, na hilo ni sawa kabisa, kwa sababu nguvu yake ilikuwa katika kumilikiwa. Pango la Ali Baba ni kinyume chake: humfungukia yeyote atamkaye neno la simsim, mwizi au mkata kuni, na Kasim, nduguye Ali Baba, alipolisahau akiwa ndani alitaja nafaka nyingine bila mafanikio mpaka wezi wakarudi. Simsim ni ufuta. Mtu angesimama mbele ya mlango ule akasema, “Funguka, ufuta,” angekuwa amepatia maana yote na bado angelala nje.

Mwongozo huu ni kwa waliochagua jibu la kwanza. Mwandishi anayechanganya majibu mawili bila kukusudia hujikuta katikati ya hadithi akimwokoa shujaa kwa sababu “alimaanisha kwa moyo wote”, na kuanzia hapo sauti haina kazi tena.

Hatua ya pili: Chora ramani ya kinywa

Chukua karatasi, uandike sauti za Kiswahili kwa makundi, kisha ulipe kila kundi tendo linalofanana na kile kinachotokea mwilini linapotamkwa. Usigawe matendo kwa kubahatisha, kwamba k ni moto na m ni maji, kwa kuwa msomaji hana njia ya kuikumbuka orodha ya namna hiyo.

Anza na vipasuo na vikwamizo. Vipasuo kama p, t na k huziba njia ya hewa kisha kuiachia ghafla, na haviwezi kurefushwa. Kwa hiyo vipe matendo ya mara moja, kama kuvunja, kukata na kubisha. Vikwamizo kama f, s na sh huendelea kwa muda wote ambao pumzi ipo, kwa hiyo vifae matendo yanayodumu, kama kushikilia mlango au kuzuia mvua isimwagike, na tendo likome pale hewa inapokwisha. Kundi hili halihitaji maelezo zaidi.

Kundi linalostahili kukaliwa kwa muda mrefu ni la b, d, g na j. Wasemaji wengi wa asili wa Kiswahili, wanapotamka b katika neno kama baba, hushusha zoloto, yaani kikoromeo, kidogo, na hewa huwa kama inavutwa kuelekea ndani badala ya kusukumwa nje. Simama mbele ya kioo, shika koo lako na useme baba polepole, na huenda ukaiona ikishuka. Sauti hiyo hiyo ikitanguliwa na nazali, yaani sauti ya puani kama m au n, kama katika mbuzi au ndege, mvuto huo hupotea na hewa hutoka kwa njia ya kawaida. Tuna basi sauti zinazovuta na sauti zinazosukuma, na tofauti kati yake ni nazali ndogo ambayo hatuitambui tunapozungumza.

Sasa tazama kile ambacho sarufi yetu imekwisha kukifanya na tofauti hii. Ndege akiwa mkubwa ni dege. Mbuzi akiwa mkubwa ni buzi, ngoma ikiwa kubwa ni goma, na nyoka akipita kiasi ni joka. Katika kila mfano tumeiondoa nazali, na kitu kimekua. Hii ni sheria ya uchawi iliyokwisha kuandikwa na lugha, ikimsubiri mwandishi aiokote: mnenaji anayekitaja kitu kilicho mbele yake bila nazali hukikuza, na anayeirudisha nazali hukirejesha katika kimo chake. Hakuna haja ya kumweleza msomaji wa Kiswahili kwa nini dege ni kubwa kuliko ndege. Alilijua hilo kabla hajajua kusoma.

Sheria hii inakuja na gharama yake, kwa maana umbo la ukubwa katika Kiswahili mara nyingi hubeba dharau au kitisho ndani yake. Jitu si mtu mrefu tu. Hivyo basi kila kitu kinachokuzwa na mnenaji kinaweza pia kuwa kiovu kidogo, kizito kidogo, kigumu kutii. Tahadhari moja ni kwamba baadhi ya maneno haya yana maisha mengine mitaani. Mtu aliyezoea kusikia habari za kuchuna buzi atacheka mahali ambapo ulitaka aogope.

Hatua ya tatu: Weka mkazo mahali pa hatari

Mkazo katika Kiswahili huangukia silabi ya pili kutoka mwisho, na kwa kuwa hauchezichezi, wengi wetu hatuufikirii. Lakini yapo maneno machache yanayoutumia kutofautisha maana, na mfano unaojulikana zaidi ni barabára, yaani njia ya magari, na barábara, yaani sawasawa. Mfano mwingine ni walákini, kiunganishi chenye maana ya lakini, na walakíni, nomino yenye maana ya kasoro. Mnenaji aliyekusudia kusema kwamba jambo liende barábara akateleza kwa silabi moja anaweza kuamka asubuhi na kukuta lami imepita sebuleni.

Anayeona kwamba huo ni mzaha usiofaa hadithi nzito akumbuke kisa cha Tvashtri katika maandiko ya kale ya India. Baada ya mungu Indra kumuua mwana wa Tvashtri, baba huyo alitoa sadaka kwa moto akitamka neno lililokusudiwa kuleta kiumbe atakayekuwa muuaji wa Indra, lakini aliweka mkazo wa sauti kwenye silabi isiyostahili, na maana ikageuka kuwa yule ambaye muuaji wake ni Indra. Kiumbe kilichozaliwa, Vritra, kiliuawa na Indra kama tamko lilivyosema. Wanazuoni wa lugha wa Kihindi walikitumia kisa hiki kuwaonya wanafunzi wa ukariri, na mapokeo ya kukariri Veda, maandiko yao matakatifu, yalibuni mbinu za kuyarudia maneno kwa mipangilio tofauti, mbele na nyuma, ili kosa likitokea lijitokeze. Mbinu kama hizo zinafaa sana katika chuo cha wanenaji utakachokibuni, kwa kuwa zinampa mwanafunzi kazi ya kuchosha ambayo msomaji anaweza kuiona ikifanyika.

Usilisahau pia neno mtu. Lina silabi mbili, m na tu, na mkazo uko juu ya m, sauti inayotoka midomo ikiwa imefungwa kabisa. Mnenaji aliyezibwa kinywa kwa kitambaa bado anaweza kuitamka nusu ya neno hilo, tena nusu iliyo nzito. Nimewahi kuwapa wenzangu wa barazani chemshabongo hiyo, na kila mmoja alikuja na hadithi yake.

Hatua ya nne: Lipisha kwa pumzi

Uchawi usio na bei huimaliza hadithi kabla haijaanza. Niliposoma rasimu yangu ya kwanza mbele ya watu, mzee mmoja aliuliza kwa upole, “Sasa kama anaweza kusema neno na adui akaanguka, kwa nini hakulisema ukurasa wa pili?” Sikuwa na jibu, na nilikunja karatasi zangu.

Bei ya asili ya sauti ni pumzi, na kipimo chake tunacho tayari: mizani. Ubeti wa utenzi una vipande vinne vya mizani 8, yaani mizani 32 kwa jumla, na kipande cha mwisho hubeba kina kinachounganisha utenzi mzima. Shairi la kawaida la mishororo minne, lenye mizani 16 katika kila mshororo, lina mizani 64. Weka sheria kwamba tamko lazima litoke kwa pumzi moja, na kwamba halifanyi kazi mpaka kina cha mwisho kifungwe. Kwa hiyo tamko la kipande kimoja linawezekana hata mtu akiwa anakimbia, la ubeti wa utenzi linahitaji utulivu, na la ubeti mzima wa shairi ni la mabingwa peke yao. Jaribu mwenyewe kughani ubeti wa shairi bila kuvuta hewa, kwa mwendo wa taratibu unaostahili. Mimi huishiwa katika mshororo wa tatu, na ni katika mshororo huo ndipo ninapowaulia wahusika wangu.

Amua pia kinachompata anayekatika katikati. Nisingependekeza alipuke. Inatosha kwamba kazi ifanyike nusu, kama mlango uliofunguka kiasi cha kupitisha mkono.

Hatua ya tano: Acha ulimwengu uiharibu sauti

Hapa ndipo mfumo wa sauti unapoushinda mfumo wowote wa fimbo na pete, kwa kuwa sauti ni mtikisiko wa hewa na hewa ina tabia zake. Sauti husafiri takribani mita 343 kwa sekunde katika joto la nyuzi 20, kwa hiyo tamko lililopazwa juu ya mnara humfikia aliye umbali wa kilomita moja baada ya sekunde tatu hivi. Sekunde tatu ni nyingi kwa mtu aliyeona midomo ikifunguka na anajua kuziba masikio, ikiwa sheria zako zinataka tamko lisikiwe. Katika uwanja ulio wazi, kila umbali unapoongezeka mara mbili sauti hupungua kwa takribani desibeli 6, na upepo wa mbele huipindisha juu ya kichwa cha msikilizaji. Ukuta ulio umbali wa mita 17 au zaidi hurudisha mwangwi unaosikika peke yake. Na ikiwa kasuku ameshinda katika hatua ya kwanza, basi mwangwi nao umeshinda, na tamko lililosemwa mara moja mbele ya mwamba litatenda mara mbili.

Mnong'ono ni hatari zaidi ya umbali. Weka vidole viwili kooni, useme sss kisha zzz, nawe utausikia mtetemo wa nyuzi za sauti ukija kwenye z. Ndiyo maana z, v, b na g huitwa sauti ghuna. Mtu anaponong'ona nyuzi hizo hazitetemeki kabisa, na kwa hiyo ghuna zote hukaribia kuwa sighuna: vaa husogea kwenye faa, na zima husogea kwenye sima. Mnenaji aliyejificha nyuma ya mlango akanong'ona “zima” ili taa izimike anaweza, kama yuko Mombasa, kushushiwa sinia la ugali. Sheria hii moja inaondoa njia ya mkato ambayo waandishi wengi huitumia, ya shujaa kunong'ona tamko kuu pasipo maadui kujua. Mwenye kutaka ghuna lazima apaze sauti, na anayepaza sauti husikika.

Kelele nayo ni silaha. Katika masimulizi ya Fumo Liyongo, mfungwa huyo alituma ujumbe kwa mamaye kwa wimbo ambao walinzi waliusikia wasiuelewe, akaletewa mkate wenye tupa ndani yake, kisha akawataka watu wapige ngoma na matoazi ili mlio wa tupa ikikata pingu usisikike. Siri mbili za sauti zimo katika kisa kimoja: maneno yanayopita mbele ya masikio bila kutambuliwa, na sauti inayozikwa chini ya sauti. Mji unaowaogopa wanenaji utaweka wapiga matoazi langoni kabla ya kuweka askari.

Mwisho kabisa kuna mwili wenyewe. Mzee aliyeng'oka meno ya mbele hupoteza f na v. Kijana anayebaleghe hajui sauti yake itatua wapi. Na mwenye mafua, pua ikiwa imeziba, hupoteza nazali zote, hata mtoto anayemlilia mama husikika kama anayemwita baba. Sijui mfumo mwingine wa miujiza ambao unaweza kuangushwa na baridi ya asubuhi.

Hatua ya sita: Amua ni lahaja ya nani inayosikilizwa

Mkaazi wa Mombasa anayezungumza Kimvita husema teka pale Kiswahili sanifu kinaposema cheka, na ndoo pale kinaposema njoo. Tamko la kumfanya mtu acheke, likisikiwa kwa masikio ya Unguja, linamteka. Na anayeitwa kwa upendo anageuka chombo cha kuchotea maji. Inakubidi useme mapema ni nani mwenye haki. Ninavyoona mimi, suluhisho baya ni kuufanya ulimwengu ukitii Kiswahili sanifu peke yake, kwa sababu Kimvita ndicho kinywa cha mshairi Muyaka na kilitungiwa mashairi zamani sana kabla usanifishaji haujafikiriwa. Suluhisho lenye uhai ni kwamba kila mahali pana sikio lake: mawe ya Mombasa yanamsikia Mmvita, na mnenaji anayesafiri lazima ajifunze upya namna ya kusema njoo. Hapo lahaja inakuwa elimu, na mvuvi wa kisiwani humshinda msomi wa mji mkuu.

Kimvita kina zawadi nyingine. Hutofautisha paa lenye mpumuo, yaani mnyama wa jamii ya swala, na paa lisilo na mpumuo, yaani la nyumba. Weka kiganja mbele ya midomo na utausikia upepo katika neno la kwanza. Tahajia yetu haiuandiki upepo huo.

Jambo hilo linafungua mlango wa vitabu vya siri. Hati nyingi za kale za Kiswahili ziliandikwa kwa herufi za Kiarabu, ambazo zina alama za irabu tatu tu, ilhali Kiswahili kina irabu 5, na herufi moja ya ba iliweza kusimamia b, p na mb. Mwizi aliyeiba kitabu cha matamko ameiba mifupa. Bila mtu wa kumtamkia hawezi kujua kama ameandikiwa sauti ya kuvuta au ya kusukuma, na kwa sheria ya hatua ya pili, hajui kama anakuza au anapunguza.

Kuhusu r na l, ambazo wasemaji wengi wa bara hawazitenganishi, uwe mwangalifu. Mahali na mahari, hali na hari, ni jozi zinazovutia, lakini hadithi inayowafanya watu wa kabila fulani washindwe kila mara kwa sababu ya ndimi zao ni dhihaka iliyovaa kilemba.

Hatua ya saba: Andika onyesho moja kabla ya kitabu

Usianze na vita vya wafalme. Chukua mnenaji mmoja, kitu kimoja na kasoro moja, uandike onyesho fupi bila kuieleza sheria yoyote, kisha uone kama msomaji ataikamata. Mfano wangu ni huu.

Nyoka mdogo wa kijani alikuwa amejiviringisha juu ya gunia la mtama. Bi Tatu alisimama mlangoni mwa ghala, ameshika leso puani, macho yamemwiva kwa mafua ya siku tatu.

“Bibi, usiseme kitu,” mjukuu wake alimsihi. “Ngoja nikachukue fimbo.”

“Nimewatoa nyoka humu tangu mama yako hajazaliwa.”

“Lakini bibi, pua yako—”

Bi Tatu alijikohoza, akanyoosha mgongo, akamwelekea nyoka kwa ile sauti yake ya kazi. Ulimi uligota kwenye kaakaa ukisubiri hewa ipite puani, na hewa haikupata pa kupita.

“Joka, toka!”

Gunia lilipasuka kwanza. Kisha mtama ukamwagika, kisha rafu, na kichwa kikubwa kama mtungi kikainuka taratibu mpaka kikagusa makuti. Na kwa kuwa toka halina nazali, tamko lake lilitoka salama, na joka likatii. Lilitoka kupitia mlango uleule walimosimama, ambao haukuwa umejengwa kwa kiasi chake.

Mjukuu alipojitoa chini ya vifusi alimkuta bibi yake ameketi juu ya fremu ya mlango, akipenga kamasi kwa nguvu, pua moja baada ya nyingine, huku akiufuatilia kwa macho mburuzo uliokuwa ukielekea kisimani.

Ukimaliza kuandika onyesho lako, lisome kwa sauti mara mbili, mara ya pili ukiwa umeibana pua yako kwa vidole. Kila tamko ambalo halikubadilika kwa namna yoyote kati ya usomaji wa kwanza na wa pili, lirudishe mezani ujue linasimama juu ya sauti ipi; na kama halisimami juu ya yoyote, lifute.